Ukiumwa jino anayeumwa ni roho au mwili? Mwafrika aliyembishia Descartes mwaka 1734

Kibatari (mwanzisha uzi)

Wakuu heshima kwenu.

Nimeona nyuzi kadhaa za Zama za Mwangaza kule Ulaya, watu wanapanga wanafalsafa kama Descartes, Locke, Hume, Kant, halafu mwishoni kabisa mtu anamchomeka Anton Wilhelm Amo, "yule Mwafrika aliyefundisha vyuo vikuu vya Ujerumani", kisha maongezi yanaendelea utadhani huyo mtu hakuwahi kufungua mdomo. Kwa kweli linaniuma. Amo aliandika hoja, tena hoja kali, tena kwenye swali gumu kuliko yote ya wakati ule, yaani roho na mwili vinashikana vipi ndani ya mtu mmoja. Tukimkumbuka kwa rangi yake tu bila kusoma alichosema tunamrudisha kulekule walikotaka akae wale waliompeleka Ulaya akiwa mtoto, awe pambo la ikulu ya mtu.

Twende taratibu lakini, maana usipojua ugomvi ulianzia wapi hutaona uzito wa alichofanya.

Mwaka 1641 Descartes, mwanafalsafa Mfaransa, anatoa kitabu chake cha Tafakuri na humo anagawa vitu mafungu mawili, kuna kinachofikiri na kuna kinachochukua nafasi. Roho inafikiri, haina urefu wala upana wala uzito. Mwili una urefu na upana ila haufikiri, unakwenda kwa mtindo wa mtambo. Sawa. Sasa mimi nikitaka kuinua mkono, mkono unainuka, na nikikanyaga msumari nasikia maumivu mpaka utosini. Hiki kisicho na nafasi kinamsukumaje mwenzake mwenye nafasi?

Aliyembana kwa swali hilo hakuwa profesa. Alikuwa Elisabeth wa Bohemia, binti wa kifalme ambaye familia yake ilishapoteza ufalme na wanaishi uhamishoni The Hague, ana miaka 24. Mei 1643 anamwandikia barua: kitu kisogee lazima kisukumwe, kusukuma kunataka kugusana, kugusana kunataka umbo, na wewe bwana umesema roho haina umbo, sasa nieleze. Descartes akajibu tarehe 21 Mei, akaleta habari ya uzito, kwamba uzito unalishusha jiwe chini wala hatudhani kuna uso wa kitu unaoligusa na kulisukuma. Binti hakuridhika. Juni akamrudishia kwamba kwake ni rahisi zaidi kukubali roho ina umbo na inachukua nafasi kuliko kukubali kwamba kisicho na umbo kinaweza kuusukuma mwili au kusukumwa nao. Hapo ndo nampa heshima zote Elisabeth, alikuwa ameona ufa ambao wanafunzi wengi wa Descartes walikuja kuupaka rangi tu. Mwaka 1649 Descartes akachapisha kitabu cha mihemko ya roho na kusema roho inafanyia kazi zake hasa kwenye tezi moja ndogo katikati ya ubongo. Tezi ipo kweli. Ila tezi nayo si ni mwili? Swali likabaki vilevile.

Sasa kwenye ile barua ya 21 Mei kuna sentensi moja naomba muishike. Descartes anamwambia Elisabeth kwamba tunachoweza kujua kuhusu roho ni mambo mawili, kwanza inafikiri, pili kwa kuwa imeungana na mwili inaweza kutenda na kutendwa pamoja na mwili. Hilo neno la kutendwa ndo Amo atalikamata miaka 91 baadaye.

mzee_wa_pwani

Ahsante ndugu yangu, nimekaa vizuri nasoma. Lakini tutajie kwanza huyo Amo ni nani na alifikaje huko, usituache njiani.

Kibatari

Sawa mzee wangu, ntaeleza kwa kifupi.

Kazaliwa Axim, pwani ya Ghana ya leo, karibu na mwaka 1703. Akiwa bado mtoto mdogo akapelekwa Amsterdam na ile kampuni ya Waholanzi iliyokuwa ikifanya biashara Afrika Magharibi, na watumwa wakiwemo kwenye hiyo biashara, kisha akapewa kama zawadi Mtawala Anton Ulrich wa Braunschweig-Wolfenbüttel, Ujerumani. 1708 akabatizwa, na hayo majina Anton na Wilhelm ni ya mtawala na mwanae, kabandikwa. Akasomeshwa. 1727 akaingia chuo kikuu cha Halle kusoma sheria, na 1729 akatetea hoja mbele ya chuo kuhusu haki za watu weusi walioko Ulaya. Andiko lenyewe limepotea, tumebaki na taarifa fupi ya gazeti la Halle tu, na kwangu mimi huo ni msiba.

Halle ya wakati ule ilikuwa inachemka. Miaka michache tu kabla hajaingia, 1723, mfalme Friedrich Wilhelm I alimfukuza mwanafalsafa Christian Wolff, akapewa saa 48 awe ameondoka la sivyo kitanzi. Na upande wa tiba palishakuwa na mvutano wa Stahl na Hoffmann, wote wawili madaktari wakubwa wa palepale. Stahl alishikilia kwamba roho ndiyo inayoendesha mwili mzima, hata homa ni roho inapigana kuuokoa mwili. Hoffmann yeye anasema mwili ni mtambo, una vimiminika na mishipa na misukumo, huhitaji kuiita roho kueleza homa. Kwa hiyo swali la nani anafanya nini ndani ya mtu halikuwa la vitabuni tu, lilikuwa linaamua daktari akusogelee kitandani kwa fikra gani.

1730 Amo akahamia Wittenberg, na huko ndo mwaka 1734 akatoa tasnifu kwa Kilatini, maudhui yake ni kwamba akili ya binadamu haihisi. Mkuu wa chuo, Kraus, akaandika barua ya kumsifu na akakumbusha watu kwamba Afrika ndiyo iliyowatoa Terentius, Tertullianus na Augustinus, waandishi wakubwa wa Kilatini wa zamani.

NesiZamu

Subiri kidogo kaka, akili haihisi kivipi? Mimi nafanya kazi wodi ya upasuaji, mtu akilia usiku namwona anavyoteseka, hapo unaniambia akili yake haina habari?

Kibatari

Dada yangu swali lako ndo lenyewe kabisa. Hoja inakwenda hivi, naieleza kwa maneno yangu.

Akili ya binadamu, kwa Amo, ni roho. Na roho ni kitu kinachotenda chenyewe, kinafahamu kinachofanya na kinakifanya kwa kusudi. Sasa kuhisi ni nini? Kuhisi ni kupokea. Joto la sufuria linakufikia kidoleni, sauti inakugonga sikioni, mwanga unaingia jichoni, yaani kuna kitu cha nje kimekugusa au kimepenya. Lakini kitakupenyaje kama huna sehemu? Kitakugusaje kama huna uso wa kuguswa? Roho haina sehemu, Descartes mwenyewe kakubali. Basi haiguswi, haipenyeki, haipokei, kwa hiyo haihisi. Na uwezo wenyewe wa kuhisi nao haumo ndani yake. Uko wapi? Uko kwenye mwili, ila siyo mwili wowote, ni mwili ulio hai na wenye viungo.

Halafu anasema jambo nililolisoma nikalirudia. Anasema kuwepo na kuishi siyo kitu kimoja. Kila kinachoishi kipo, lakini siyo kila kilichopo kinaishi, jiwe lipo na roho ipo ila vyote viwili huwezi kusema vinaishi. Kuishi na kuhisi vinakwenda pamoja, kinachoishi kinahisi na kinachohisi kinaishi, na vyote hivyo ni mali ya mwili. Hebu fikirieni, ni 1734, mji wa Martin Luther aliyeanzisha Uprotestanti, kijana anasimama mbele ya wenye majoho na kusema uhai wako na maumivu yako ni vya mwili, roho yako haina uhai kwa maana hiyo.

Na hapo ndo anamgeukia Descartes kwa jina. Anaitaja ileile barua, ileile sentensi ya kutenda na kutendwa, na anasema wazi hakubaliani nayo. Anamwonyesha kwamba kwingine Descartes huyohuyo kasema hali ya roho ni kufikiri, na kufikiri ni kutenda, sasa kutendwa kunatoka wapi? Kwa Amo huwezi kusema roho ni kitu kingine kabisa na mwili halafu kwa mlango wa nyuma ukaingiza kwamba roho inaumwa jino. Chagua moja. Elisabeth aliuliza roho inausukumaje mwili, Amo kaukaba upande wa pili, mwili unaigusaje roho, na jibu lake ni kwamba hauigusi.

Kwa hiyo NesiZamu yule mgonjwa wako anaumwa kwelikweli, Amo hakatai hata nukta moja. Anachosema ni kwamba anayeumwa ni mwili hai, na akili inayafahamu maumivu, inayafikiria, inaamua cha kufanya nayo. Ufahamu wa maumivu ni wa akili, maumivu ni ya mwili.

NesiZamu

Hapo nimekuelewa ila bado sijakubali. Sisi tunapata wagonjwa wa sukari wanakatwa mguu. Kuna baba mmoja wiki nzima anatuomba tumkunie kidole gumba cha mguu ambao haupo tena, anakuelekeza kabisa "hapo hapo chini kidogo", anaonyesha shuka tupu. Na maumivu ni ya kweli, anatoka jasho. Sasa kama kuhisi ni kwa mwili, huo mwili unaohisi uko wapi? Kidole tumeshakizika.

FundiSaa

Duh nesi kapiga penyewe 👏🏾

Kibatari

Kapiga penyewe kweli, na habari njema ni kwamba jambo hili walilijua. Descartes mwenyewe kwenye kitabu chake cha Kanuni za Falsafa cha 1644 anaeleza habari ya binti aliyekuwa na ugonjwa mkononi, kila daktari akija wanamfunika macho, mwishowe mkono ukakatwa kwa sababu umeoza na wakamfungia vitambaa asijue, naye akaendelea kulalamika kidole hiki kinauma, mara kile. Descartes akahitimisha kwamba mishipa iliyokuwa inatoka ubongoni kwenda kidoleni sasa inaishia karibu na kiwiko, ikitikiswa pale inatikisa ubongo vilevile, na roho ikiwa ndani ya ubongo inapokea maumivu ya kidole. Yaani kwake huo ni ushahidi kwamba anayehisi ni roho iliyoko ubongoni.

Mimi naona mfano huohuo unaweza kumtumikia Amo, tena vizuri zaidi. Kilichokatwa ni mguu, mwili hai wenye viungo haujakatwa, mishipa iliyobaki ni mwili, uti wa mgongo ni mwili, ubongo ni mwili. Kidole hakihisi peke yake kikiwa mezani, hilo wewe unalijua kuliko mimi. Kinachohisi ni mwili mzima unaoishi. Ukisema ubongo umetikisika na maumivu yakatokea, umeshamaliza maelezo yote bila kumwita roho aje aumwe. Hii ni hoja yangu mimi kwa niaba ya Amo, sijaikuta kwenye tasnifu, msije mkamsingizia.

ustaadh_mkimya

Assalaam alaykum. Uzi mzuri sana huu. Nauliza jambo la imani, kama roho haihisi, mtu akifa roho ikitoka, ile raha na adhabu baada ya mauti itakuwaje? Naona huyu bwana kafungua mlango mgumu.

Kibatari

Waalaykum salaam ustaadh. Ni mlango mgumu na nadhani watu wa Wittenberg waliuona. Kwenye tasnifu anashikilia kwamba roho isiyokuwa na mwili haihitaji hisia ili ijue, inajua moja kwa moja, sisi ndo tunapitia hisia kwa sababu roho zetu zinakaa mwilini. Kwa hiyo kwake roho peke yake ina ujuzi lakini haina maumivu ya kuungua. Ila ukiangalia, dini yako na ya kwake zote mbili zinafundisha kufufuliwa miili, na kama Amo yuko sahihi basi fundisho hilo linakuwa na kazi kubwa kuliko watu wanavyolichukulia, maana bila mwili hakuna wa kuhisi.

FundiSaa

Mi naona mmemwacha mtu katikati. Kama uhai ni wa mwili, maumivu ni ya mwili, kuona kusikia kunusa vyote ni vya mwili, roho imebaki na nini? Kufikiri tu. Sasa kwa nini tusimalizie, tuseme na kufikiri ni kwa mwili, roho tuiache ipumzike. Mi ni fundi, kitu kisichofanya kazi kwenye mashine nakitoa.

Kibatari

Na aliyemalizia alikuja, miaka 13 tu baadaye. Sisemi alimsoma Amo, ila njia ilikuwa ileile.

Julien Offray de La Mettrie, daktari, mtu wa Saint-Malo Ufaransa, kasomea Leiden kwa Boerhaave ambaye ndo alikuwa daktari mkubwa wa Ulaya nzima. 1744 yuko na jeshi la Ufaransa kwenye mazingira ya Freiburg, akashikwa homa kali. Akiwa kitandani akajitazama na kuona jinsi mawazo yake yanavyolegea kadiri mwili unavyolegea, homa ikipanda fikra zinavurugika, ikishuka zinarudi. Kwa daktari huo ni ushahidi. 1745 akatoa kitabu cha historia ya asili ya roho, mwaka uliofuata kikachomwa moto Paris kwa amri, akakimbilia Leiden, na mwishoni mwa 1747 akatoa kile kikali kuliko vyote, Binadamu Mashine. Hata Waholanzi waliokuwa wavumilivu wakashindwa kumvumilia, akaenda Berlin kwa Mfalme Frederick II aliyempokea.

Mnajua alianzia wapi kuthibitisha? Kwenye vitu ambavyo sisi tumeviona uani tangu utotoni. Anasimulia askari mlevi aliyemkata kichwa bata mzinga kwa pigo moja la panga, ndege akabaki kasimama, akatembea, akakimbia, akagonga ukuta, akageuka, akaendelea kukimbia anapiga mabawa mpaka akaanguka. Nani humu hajaona kuku aliyechinjwa akiruka na kuzunguka damu ikimwagika, watoto wanakimbia? La Mettrie anauliza, kichwa hakipo, nani anaendesha? Moyo wa chura ukitolewa unaendelea kudunda. Basi mwendo umo ndani ya nyama yenyewe. Na kama nyama inaweza kujiendesha, iliyopangwa vizuri zaidi kwa nini isifikiri?

Ila FundiSaa mimi hapo sifuati mpaka mwisho. Kuku wa uani ananithibitishia mwendo, hata kuhisi pengine, lakini kutoka kukimbia bila kichwa mpaka kupima hoja, kuahidi kitu na kukitimiza, pana safari ndefu na La Mettrie anairuka kwa ujasiri kuliko kwa hoja. Amo ana subira zaidi. Mwaka uleule wa 1734 alisimamia mjadala mwingine, mwanafunzi wake Meiner akitetea, wa kutenganisha lipi ni la akili na lipi ni la mwili wetu ulio hai. Moja baada ya jingine. Na 1738 akiwa Halle akatoa kitabu kizima cha jinsi ya kufanya falsafa kwa kiasi na kwa usahihi. Huo utaratibu ndo unanivutia kwake.

mzee_wa_pwani

Na mwisho wake ulikuwaje? Maana mtu wa hivyo asingesahaulika bure.

Kibatari

Mzee mwisho wake unachoma. 1739 akahamia Jena kufundisha. 1747 Halle ukachapishwa mchezo wa kumdhihaki hadharani, kisa eti kampenda mwanamke wa kizungu. Baada ya hapo karibuni akarudi Axim. Huko 1753 daktari mmoja wa meli, Gallandat, alifika akamkuta, akaandika kwamba anaishi peke yake, watu wanamheshimu kama mtu mwenye elimu ya siri, baba yake na dada yake bado wapo hai, na ndugu yake mmoja ni mtumwa Suriname.

Sasa pima hili. Mwaka huohuo 1753 David Hume, mtu ninayempenda kwa mengine, kwenye toleo jipya la insha yake ya tabia za mataifa aliongeza tanbihi kwamba anashuku weusi wameumbwa chini ya weupe kwa asili na kwamba kati yao haujapata kuonekana usomi wowote. 1764 Kant akaibeba hiyo kauli na kuitumia. Tasnifu ya Wittenberg ilikuwa imeshachapishwa miaka 19 kabla ya Hume, kwa Kilatini wote wanachosoma, na mwandishi wake yuko hai Axim. Watu waliokuwa wanaandika kurasa kwa kurasa kuhusu maumbile ya binadamu wote hawakugeuza shingo kuangalia. Waliokuja kumtaja kwa haki ni wachache, mwanasayansi Mjerumani Blumenbach mwishoni mwa karne ile na padri Mfaransa Grégoire mwaka 1808.

NesiZamu

Imeniuma hiyo ya ndugu yake Suriname. Mtu kaandika kwamba maumivu ni ya mwili na ndugu yake wa damu yuko shambani anachapwa.

Ila kaka nirudi kwenye hoja. Umesema akili inafahamu maumivu ya mwili na inaamua. Inafahamuje bila kuguswa? Yule binti Elisabeth si angemuuliza na yeye swali lilelile?

Kibatari

Angemuuliza, na sioni kama Amo angetoka salama. Yeye anasema roho inautumia mwili kama chombo na kama njia, inakusudia na mwili unatekeleza. Lakini kutumia chombo ni kukishika, na kushika ni kugusa. Upande mmoja kaziba ufa vizuri kuliko mtu yeyote ninayemjua wa wakati ule, mwili hauiumizi roho, basi. Upande wa pili, roho kuuinua mkono, kauacha pale Elisabeth alipouonyesha 1643. Anayetaka kumtetea hapo aje, mimi nimejaribu kwa kutumia ile habari yake ya kusudi, kwamba roho inatoa kusudi tu na mwili hai una nguvu zake za kujiendesha, ila bado nabaki na swali mwili unalisikiaje hilo kusudi.

ustaadh_mkimya

Nimeshaitafuta tafsiri ya Kiingereza ya tasnifu, ni fupi sana, naisoma usiku huu. Kesho nakuja na hiyo sehemu ya chombo, maana nahisi kuna kitu pale mnakipita haraka.